Aliyempa Mama Nyambu Kisogo

— Geuza hicho kiti!

Wekoye hakugeuza. Kijiko cha supu kilikuwa njiani kati ya bakuli na mdomo, bakuli lenyewe amelipakata mapajani, na uso wake ameuelekeza ukutani, kwenye kalenda ya kanisa ya mwaka juzi. Nyuma ya mgongo wake kulikuwa na meza ya watu wanne, na kitambaa cheupe kilichopigwa pasi.

— Wewe kijana, si naongea na wewe?

— Niko sawa tu, mzee. Supu ni tamu sana.

— Nani amekuuliza supu? Umempa bibi yangu kisogo! Mezani pangu! Tena Jumapili!

Kijana mwenyewe alikuwa na miaka arobaini na miwili, fundi wa mashine za posho, zile za kusaga mahindi. Kutoka Lwakhakha mpaka juu Kapsokwony hakukuwa na mashine ambayo hajaifungua tumbo. Chakula cha maisha yake yote alikuwa amekula wima, sahani juu ya pipa la dizeli, sikio moja likisikiliza mkanda. Kuketi kwenyewe kulikuwa kazi. Mguu wake wa kulia haukujua kutulia. Tangu aingie hapa Tuwan, mtaa wa Kitale, ulikuwa ukigonga sakafu chini ya meza kama kuku anayepekua.

Lakini aliketi, kwa sababu ya Phelista. Phelista alishona yunifomu za shule sokoni Kitale, miaka thelathini na sita, na kicheko chake kilianzia puani. Miaka miwili walikuwa wanapendana, na baba yake alikuwa amesema neno moja tu: mwanamume anayemtaka binti yangu, aje kwanza ale mezani kwangu, nimwone.

Huyo baba, Mzee Eliakim, aliingia jikoni kwa mzungu mmoja nje ya Kitale akiwa mdogo wa kubeba kuni, akatoka akiwa mpishi mkuu, siku ile mzungu alipouza shamba akarudi kwao. Wafanyakazi wengine waliachiwa ng'ombe. Yeye aliachiwa meza, kengele ya shaba, visu na uma za watu kumi na wawili, na sheria zake zote. Mkewe, Mama Nyambu, alitoka Taita na familia hiyo hiyo akiwa yaya wa watoto. Sasa mzee alikuwa na miaka themanini na sita, na kila Jumapili saa saba, ndani ya nyumba ya mabati, kengele ililia na watu wakala kama vile bwana mkubwa bado atapita kukagua.

Wekoye alikuwa ameanza vizuri. Aliambiwa supu haipulizwi. Hakupuliza, akaungua ulimi. Aliambiwa bakuli likikaribia kuisha linainamishwa kwenda mbali, si kuja kwako.

— Liende mbali, na mimi ndiye niko na njaa? aliuliza.

Phelista alicheka kwa pua. Hata mzee alilegeza shavu kidogo.

Kisha Mama Nyambu akatoka jikoni, akavua aproni, akaketi mahali pake pa miaka yote: mwisho wa meza, uso kwa uso na mgeni. Akamsogezea chumvi.

Kwao Myanga, kwa Wabukusu, mama ya bibi yako humtazami akitafuna, naye hakutazami ukitafuna. Mkikutana njiani mmoja wenu anaingia shambani kwa watu mpaka mwenzake apite. Hakuna anayekuketisha chini kukufundisha. Unakua ukijua, kama unavyojua kwamba jiko linachoma. Sasa huyu mama amekaa pale, macho yake kwenye mdomo wa mgeni, anauliza kama chumvi imetosha. Wekoye akafanya heshima pekee aliyokuwa nayo. Akainua kiti, akakigeuza ukutani, akapakata bakuli.

Kwao wangesema huyu mtoto amelelewa.

— Mama amekukosea nini? Phelista akamwuliza.

— Hajanikosea.

— Basi geuka.

— Siwezi.

— Huwezi ama hutaki?

Angesema nini? Mambo hayo hayaelezwi mbele ya mwenyewe. Akasikia kijiko cha Mama Nyambu kikilazwa mezani taratibu.

— Wacha, Eliakim, mama alisema kwa sauti ndogo. — Labda uso wangu unamharibia chakula.

— Umharibie! Mzee akapiga meza mpaka kengele ikalia yenyewe. — Bwana mkubwa alikuwa na mgeni mmoja, akaweka viwiko mezani. Viwiko tu! Hakualikwa tena mpaka mvua mbili zikapita. Huyu ametoa kisogo kizima! Kijana, mlango ndio ule.

Ule mguu wa kulia ulisimama kabla mwenyewe hajaamua. Wekoye aliweka bakuli juu ya kiti, akauambia ukuta, "Asanteni kwa chakula," akatoka ubavu-ubavu ili asimtazame mama, akagonga goti kwenye kabati, akapotea.

*

Jumatatu asubuhi simu yake ilitetemeka mfukoni.

"Uko wapi?"

"Lwakhakha. Kuna mashine imekata mkanda."

"Ilikata lini? Ama ilikata ulipotoka kwetu?"

Wekoye alisoma mara tatu. Akafuta mikono kwenye suruali, akafikiria jibu, akaiweka simu juu ya gunia. Ikalia.

— Hebu niambie ukweli, Phelista alisema bila salamu. — Mama yangu ni nini kwako?

— Ni mama.

— Mtu anakula akitazama ukuta kwa sababu ya mama?

— Kwetu ndiyo.

— Kwenu wapi, mwezini?

Akamweleza. Alieleza vibaya, akianzia katikati, akirudi nyuma, mwenye mashine akimpigia kelele kwa nyuma kwamba watu wanangoja. Alipomaliza, kile kicheko cha puani kikaja kidogo kidogo.

— Kwa hivyo ile ilikuwa heshima?

— Kubwa kabisa. Sikuwa na ingine kubwa kuliko hiyo.

— Na si ungesema tu, bana!

— Baba yako alisema mtu haongei na supu mdomoni.

— Wekoye!

— Tena hiyo kitu haisemwi mama mwenyewe akisikia. Ningemwambiaje, ati mama, naona haya ya meno yako?

Phelista alicheka mpaka akakohoa. Kisha akaacha kucheka, ghafla, na Wekoye akajua sasa ndiyo yanakuja.

— Sikia. Kisogo nimekielewa. Mama nitamwambia una desturi zenu, baba nitamtuliza. Kile sielewi ni miguu. Kwa nini uliondoka?

— Si nilifukuzwa?

— Baba anafukuza kila mtu! Pasta alifukuzwa kwa kulamba kisu. Unajua pasta alifanya nini? Alisema pole, akakaa, akala mpaka pudini. Wewe ulikuwa umeshafika Kiminini hata nyama haijatoka jikoni.

— Niliona haya.

— Uliona haya mwaka jana pia nilipokuuliza tutaishi wapi. Ukaenda Kapsokwony. Ukaona haya Pasaka. Ukaenda Chwele. Kila tukigusa kitu kikubwa kuna mashine imekata mkanda mahali. Hiyo mikanda inakatwa na nani?

Mguu wa Wekoye ulikuwa unapekua vumbi.

— Mimi nimechoka kupendana na mtu wa njiani, Phelista alisema, na sauti yake ilishuka. — Baba amemwalika Tonny Jumapili.

— Tonny gani?

— Yule karani. Mtoto wa mzee wa kanisa. Amenitaka tangu mwaka juzi na mimi nikawa nazungusha tu. Anajua uma. Baba amefurahi kama amekuwa kijana.

— Na wewe unasemaje?

— Nasema nitaweka kiti cha tano. Ukikuja, kuja ukae. Kama unakuja kuondoka, usikuje. Tonny nitamjibu siku hiyo hiyo, ndiyo ama hapana. Sitazungusha mtu tena, na mimi sitazungushwa.

Akakata.

*

Ule mkanda Wekoye aliufunga mara tatu, na mara zote tatu aliufunga vibaya. Jumatano alikuwa Myanga, amesimama mlangoni kwa senge yake Nabwile, dada ya baba yake, mama aliyemlea tangu mama mzazi alipofariki. Senge alikuwa na ungo wa njugu mapajani, anaambua.

— Keti. Unaniwekea giza.

— Sikai sana, senge.

— Lini ulikaa sana? Keti nakwambia. Umekonda kama spoku ya baiskeli. Nani amekufukuza?

— Umejuaje?

— Ungekuwa umefika kwa hiari ungekuja na sukari.

Akaketi. Akasimama. Senge akamtazama, akaketi tena. Akasimulia yote: supu, bakuli, chumvi, kiti, kisogo, mlango. Senge Nabwile aliambua njugu bila kuinua macho mpaka alipofika kwenye kiti. Hapo mikono ilisimama.

— Ngoja. Ulimpa mgongo?

— Si ni mkwe?

— Mkwe wa nani?

— Wangu.

— Wazee wa kwetu wameenda huko?

— Bado.

— Mahari imetajwa?

— Bado.

— Umemwuliza msichana kama atakubali kuolewa?

— Hiyo... bado. Nilikuwa naitafutia siku.

Senge alicheka. Alicheka mpaka ungo ukainama na njugu zikamwagika sakafuni, akaziacha. Alijifuta machozi kwa pindo la leso, akamtazama, akaanza tena.

— Wewe mtoto wa kaka yangu! Mtu ambaye hajaoa anamtazama mama ya msichana kama anavyotazama mama yeyote sokoni. Anamsalimia, anakula mbele yake, anamwomba na chumvi. Kugeuka ni ya mkwe peke yake. Nani alikwambia umeoa?

— Hakuna.

— Basi ulijioza mwenyewe! Uliingia kwa watu ukiwa bwana harusi, hujamwambia baba, hujamwambia mama, hujamwambia msichana, hata wewe mwenyewe hukujiambia. Mgongo ndio ulijua peke yake!

Miaka miwili alikuwa anajiambia hajaamua. Kila alipofika Kitale alijiambia anapita tu. Kumbe kuna siku, hajui ni ipi, labda akiwa barabarani na mfuko wa spana begani, jambo lilikwisha kuamuliwa na yeye hakuitwa.

— Sasa nifanye nini, senge?

— Enda uwaambie hivyo.

— Nitamtumia Phelista meseji leo.

— Meseji! Senge akamtupia njugu, ikampata kifuani. — Neno kama hilo linabebwa kwa mdomo mpaka kwa mwenyewe. Na mpaka useme, kaa ukimtazama yule mama. Bado uko huru. Ukishasema, basi, hapo utajua mwenyewe utakavyogeuka.

*

Jumapili saa saba kengele ililia.

Tonny alikuwa amefika mapema, suti ya kijivu, viatu vinavyong'aa. Hakuwa mtu mbaya. Alisalimia kwa mikono miwili, akavuta kiti cha Mama Nyambu, akamwekea, akatandaza kitambaa mapajani kwa mpigo mmoja. Mzee Eliakim alimtazama kama mtu anayetazama mvua baada ya kiangazi.

— Ulijifunza wapi, kijana?

— Kwa simu, mzee. Kuna video.

— Hao walio kwa video wamefundishwa vizuri.

Wekoye alipobisha, mzee hakuinuka.

— Huyo amewekewa kiti na Phelista, si mimi, alisema. — Nimeambiwa habari ya desturi. Hata mimi baba yangu alikuwa Mbukusu, ingawa mimi nililelewa jikoni kwa mzungu. Lakini meza ni meza. Atakaa mbele, kama watu.

— Nitakaa mbele, mzee.

Akakaa mbele. Safari hii supu aliipita salama. Ikaja nyama, viazi, na njegere za kijani. Wekoye alikamata uma, akaigeuza kama kijiko, akachota.

— A-a! Mzee aliinua kidole. — Njegere hazichotwi. Njegere hupanda mgongo wa uma. Unazisukuma na kisu, zinapanda, unazibeba. Tonny, mwonyeshe.

Tonny alizipandisha tano, zikakaa kwa mstari kama watoto wa shule, zikaingia mdomoni bila wasiwasi. Wekoye alijaribu. Ya kwanza iliruka ikaingia kwenye mchuzi wa grevi. Ya pili ilimpiga Tonny kwenye tai. Ya tatu ilipanda, ikakaa, ikafika karibu kabisa na mdomo, na mguu wa kulia ukagonga sakafu, ikaenda.

— Kwa bwana mkubwa, mzee alisema kwa huzuni, — kulikuwa na bibi mmoja mzungu, mzee wa miaka tisini, mikono inatetemeka. Hakuangusha hata moja. Alikuwa anakula moja moja. Tuliosha sahani yake jioni.

— Na mtu akila kwa mkono? Wekoye aliuliza.

— Hakuna aliyewahi kuuliza.

Phelista alikuwa anatazama sahani yake. Hakucheka. Wekoye alielewa kwamba leo kicheko kimefungiwa mahali mpaka jambo liamuliwe.

Mama Nyambu naye alikula kidogo kidogo, macho chini, kama mgeni kwake mwenyewe. Tangu ile Jumapili alikuwa hajasema mengi. Hata chumvi hakuisogeza.

Joto la mabati likawashukia. Mzee alitafuna nyama yake polepole, polepole zaidi, kidevu kikaanza kuinama, na mara akalala, wima kitini, kisu mkono wa kulia, uma mkono wa kushoto, vyote vimesimama kama bendera.

Tonny alingoja kidogo.

— Sasa? alinong'ona.

— Sasa tunangoja, Phelista alisema. — Sheria ni kwamba hakuna mtu anainuka mpaka baba alaze kisu na uma pamoja kwa sahani.

— Na akilala?

— Tunangoja.

— Kwa kawaida ni kama dakika ngapi?

— Inategemea nyama, Mama Nyambu alisema.

Saa ya ukutani ilikuwa saa nane na robo. Ikawa saa nane u nusu. Tonny alitazama simu yake chini ya meza. Akaitazama tena. Saa tisa kasoro robo akasogeza kiti nyuma, polepole, kwa ustadi, bila kukiburuta.

— Kuna mechi, alinong'ona. — Nilikuwa nimeahidi vijana. Si nitapitia kesho tuongee, Phelista? Mzee hatajua.

— Enda salama, Tonny, Phelista alisema kwa upole. — Na kesho usijisumbue kupitia. Jibu ni hapana. Nilitaka kukuambia leo, usizunguke tena.

Tonny alisimama na kitambaa mkononi, akafikiria, akakikunja vizuri akakiweka kando ya sahani, kushoto, panapotakiwa. Akatoka kwa vidole vya miguu.

Wakabaki wanne, mmoja amelala. Phelista alimgeukia Wekoye. Alimtazama tu, kisha akatazama mlango, kisha akamtazama tena.

Mlango ulikuwa wazi. Nje jua lilikuwa jeupe na barabara ilisikika. Wekoye alihisi ule mguu ukitaka. Ulitaka kama mtoto anayetaka kwenda haja. Akaushika goti kwa mikono miwili, akaukandamiza chini.

— Unatikisa meza, Mama Nyambu alimwambia. — Utamwamsha.

— Pole... Akakwama. Hakujua amwite nani. — Phelista, mwambie mama yako niko na neno lake.

— Mama si huyu hapa? Mwambie.

— Nikianza kusema, sitaweza kumtazama tena.

Mama Nyambu alivuta pumzi.

— Huyu anataka kugeuka tena.

— Ndiyo, Wekoye alisema akiitazama sahani. — Naomba ruhusa. Safari hii naomba.

Mama alimtazama mumewe aliyelala, akatazama vile visu na uma, akamtazama yule mwanamume mkubwa anayebana goti lake mwenyewe kama mwizi amekamatwa. Kisha akafanya jambo ambalo Phelista hakuwahi kuliona. Akainuka nusu, akashika kiti chake cha mwisho wa meza, akakizungusha, akaketi tena, mgongo kwa watu.

— Basi hata mimi nigeuke, alisema. — Tuone utamu wake.

Wekoye naye akageuka. Wakakaa hivyo, migongo miwili na meza katikati, na maneno yakamtoka yenyewe.

— Mama, ile siku sikukudharau. Kwetu kisogo anapewa mama mkwe peke yake. Hakuna mwanamke mwingine anapewa. Senge yangu ameniuliza nani aliniambia nimeoa, nikakosa jibu. Nilikuwa sijui. Nilikuwa nadhani mimi ni mtu wa kupita. Lakini uliponisogezea ile chumvi, mgongo wangu uligeuka wenyewe, kwa sababu ulishajua uko kwa mkwe. Niliingia hapa nikiwa nimeoa, na sikuwa nimeuliza mtu. Nimekosa hapo. Si kwa kisogo, ni hapo kwa kutouliza.

Kisha Mama Nyambu akasema, na sauti ilikuwa imefunguka:

— Eti ni mimi peke yangu?

— Wewe peke yako, Bungoma nzima mpaka hapa.

— Phelista aliniambia ni desturi tu, na mimi wiki nzima najitazama kwa kioo. Ati nina nini usoni.

— Nisamehe, mama.

— Na huo mguu?

— Huo sikudanganyi. Huo umezaliwa hivyo. Utaenda kwa mashine na utarudi. Lakini leo umekaa masaa mawili, na haujawahi.

Mama alicheka taratibu, na kicheko chake nacho kilianzia puani.

— Unajua, alisema, — miaka hamsini na moja nakaa mwisho wa hii meza natazama watu wakila. Sijawahi kujua dirisha liko upande huu. Kumbe parachichi ya jirani imeshazaa!

Ni hapo Mzee Eliakim alipofungua macho. Akaona mgongo. Akageuza shingo, akaona mgongo mwingine.

— Nani ameharibu meza yangu?

— Kula, Eliakim, Mama Nyambu alisema dirishani.

— Nyambu! Hata wewe?

— Baba, tulia, Phelista alisema. — Yule hakumtukana mama. Kwao anayepewa kisogo ni mkwe tu. Alikuwa anasema ameoa.

— Ameoa nani?

— Mimi.

— Lini?

— Hata yeye hajui.

Mzee alimtazama binti yake, kisu na uma bado vimesimama.

— Kwa hivyo Jumapili ile aliketi hapa, akala supu yangu, akaoa binti yangu, na hakuniuliza?

— Ndiyo, mzee, Wekoye aliuambia ukuta.

— Hiyo ni mbaya kuliko kisogo! Mtu anauliza kwanza, anageuka baadaye! Hata huko kwenu nafikiri ni hivyo!

— Ni hivyo, mzee. Basi nauliza. Namwomba Phelista. Wazee wa kwetu watakuja na senge yangu.

— Huyo senge anatumia uma?

— Hatumii, mzee.

— Nilijua. Mzee alitazama saa ya ukutani, akatazama kiti cha Tonny kilicho tupu na kitambaa kilichokunjwa vizuri. — Yule mwingine ameenda lini?

— Saa tisa kasoro, alisema Phelista.

— Na huyu?

— Hajainuka.

Mzee alilaza kisu, akalaza uma kando yake, vikagusana.

— Mwulizeni mwenyewe, alisema. — Anayeolewa si mimi.

Phelista alizunguka meza, akaenda akasimama kati ya Wekoye na kalenda, amtazame usoni.

— Kesho ni mashine gani imekata mkanda?

— Labda zote.

— Na utaenda?

— Kesho tunaenda kwa pasta. Kama unakubali.

Kabla hajajibu, simu ya Wekoye ililia mfukoni. Ikalia, ikalia. Wote wakaitazama suruali.

— Shika, Phelista alisema. — Weka sauti kubwa.

Alikuwa mtu anayeitwa Kipketer, mwenye mashine ya posho huko juu Kapsokwony.

— Fundi! Imekufa kabisa! Watu wamepanga laini na magunia. Kesho asubuhi uwe hapa.

— Kesho siwezi. Nitakuja Alhamisi.

— Alhamisi! Kesho kuna nini?

— Niko kwa pasta.

— Nani amekufa?

— Hakuna. Naandikisha ndoa.

— Ya nani?

— Yangu.

Kipketer akasikika akiwaambia watu, na watu wakaulizana, ati fundi, fundi yupi, huyu wa kutanga-tanga, na mama mmoja akapiga kigelegele, na mwingine akadakia.

— Fundi, Kipketer alirudi, — watu wa laini wanauliza kama msichana amekubali.

Wekoye alimtazama Phelista. Mguu wake ulitulia. Phelista alinyoosha mkono, akaichukua simu.

— Waambie amekubali, alisema. — Mashine mtatengenezewa Alhamisi. Lakini Ijumaa mnirudishie mtu wangu.